Chupa Iliyovaa Soksi

Juma lililopita niliketi zahanati ya Lituhi na binti yangu mapajani, mwili wake unachoma kwa homa, ananyong'onyea. Bwana dresa, mhudumu wa zahanati, akatuletea blanketi la sufu.

"Mfunike gubigubi, mama, joto litoke."

Shuleni tulifundishwa kwamba sufu hulizuia joto lisitoke, lakini dresa ana kofia ya serikali, mimi nina nini? Dirishani, penye upepo wa ziwa, ilining'inia chupa yake ya maji, imevalishwa soksi iliyolowa.

"Hiyo soksi ni ya nini, bwana dresa?"

"Maji yapoe. Upepo ukiikausha soksi, unaondoka na joto."

"Na mtoto je?"

"Mtoto si chupa, mama."

Kweli, maana chupa ilikuwa inahudumiwa. Alipogeuka nikalowesha kanga yangu kwenye mtungi wa maji uliokuwa pembeni, nikamfunga nayo binti, nikahamia dirishani, jirani na chupa. Baadaye akafumbua macho, akataka kunyonya. Dresa akaja, akamgusa paji la uso, akawageukia akina mama kwenye benchi.

"Mmeona kazi ya blanketi?"

Nikaendelea kunyonyesha. Blanketi nilikuwa nimelikalia.