Kiungo Mkabaji wa Okuhira

Nezu Mitsuhiro alifunga mabao manne tu katika misimu kumi na saba ya soka ya kulipwa, na moja kati ya hayo lilimgonga mgongoni akiwa amegeuka kumfokea beki wake. Akina mama wa ghala la matufaa pale Okuhira hawakukubali bao hilo lisahaulike. "Mitsu, mgongo unaendeleaje leo? Mazoezini umepiga mashuti mangapi nao?" Naye hucheka, akainamisha kichwa, akaendelea kupanga matufaa kwenye makasha, yaliyo safi upande huu na yenye makovu upande ule.

Ndivyo wanavyoishi wachezaji wa daraja la tatu. Asubuhi mazoezi, mchana kazi. Watu wa mbali wakisikia "mchezaji wa kulipwa" huwazia magari ya fahari na miwani ya jua. Okuhira wanajua kwamba kiungo wao huja ghalani kwa baiskeli, na siku ya mvua huingia ametota mpaka soksi.

Kwao ni mkoa wa Gunma. Baba yake alikuwa fundi wa mikeka ya tatami, mzee wa maneno machache aliyeshinda amepiga magoti akishona kingo. Mitsu hakuwa mrefu, wala hakuwa na mbio. Sekondari aliyosoma ilikuwa na wachezaji mia moja na arobaini, na mwaka wa kwanza mzima kazi yake ilikuwa kuokota mipira na kuimba jukwaani kuwashangilia wakubwa. Wenzake walinung'unika. Yeye alijizoeza kutazama mahali ambapo mpira haupo, akagundua kwamba kila timu ikishambulia huacha nafasi wazi nyuma yake, kama mtu aliyetoka nyumbani mbio akasahau kufunga mlango. Mwaka wa tatu kocha alimuuliza anaweza kucheza wapi.

"Popote watakapoacha wazi," Mitsu alijibu.

Kocha alicheka sana, lakini nafasi akampa.

Sijaona kazi ya uwanjani inayodharauliwa kama ya kiungo mkabaji. Mshambuliaji akikosa mabao tisa akafunga la kumi, anabebwa juu juu. Kiungo mkabaji akiziba mianya tisa ukamponyoka wa kumi, atasemwa wiki nzima, na watakaomsema ni walewale waliokuwa wakinunua vitafunio wakati anaziba ile tisa. Mitsu aliifanya kazi hiyo katika klabu tano. Klabu ikimchoka, anafunga virago, anainama, anashukuru, anahama. Mkewe, Sanae, alihama naye mara tatu bila kulalamika, ingawa mara ya tatu vyombo alivifungasha kwa kelele kuliko ilivyohitajika. Okuhira ndiko walikokaa muda mrefu kuliko kwingine kote, na ndiko alikozaliwa binti yao, Honoka, ambaye Aprili ijayo angeanza darasa la kwanza.

Akiwa klabu yake ya pili alijiunga mshambuliaji mmoja, mdogo wake kwa miaka mitatu, jina lake Tsukagoshi Haruki. Kwa Wajapani aliyekutangulia amekutangulia, hakuna mjadala. Tangu siku ya kwanza Haruki alimwita kaka, akambebea begi, na mezani hakugusa vijiti vyake mpaka Mitsu aanze kula. Baadaye goti la Haruki likaharibika, akaacha mpira mapema, akaingia kazi za ofisini. Mwaka huu klabu ya Okuhira ilimpa ukurugenzi wa michezo. Mdogo mtu akawa bosi wa kaka mtu! Mbele ya waandishi wa habari Haruki alikuwa mkurugenzi wa kupigiwa saluti, lakini wakikutana kwenye korido alijibana ukutani kumpisha Mitsu apite.

Novemba ni mwezi mchungu kwa wachezaji. Kabla haujaisha, kila mmoja lazima aambiwe kama anabaki au anaondoka, na huitwa mmojammoja kwenye ofisi ya mabati iliyo kando ya uwanja wa mazoezi. Mitsu alikuwa na miaka thelathini na sita. Alitaka mwaka mmoja tu. Hakuwa na rekodi ya kuvunja wala kombe la kufukuzia. Alitaka Februari ikifika avae viatu, akanyage nyasi zilizokauka kwa baridi, asikie wenzake wakilalamika kwamba kocha ana roho mbaya. Aliutaka mwaka huo kuliko alivyowahi kutaka kitu chochote, na hakumwambia mtu.

Alhamisi moja aliambiwa aende saa kumi. Mchana huo, ghalani, Bi Hatsue alimtazama mara moja tu akajua. Bi Hatsue alikuwa na miaka sabini na mbili, na hakuna mechi ya nyumbani aliyowahi kukosa.

"Umeitwa, eh?"

"Nimeitwa, mama. Saa kumi."

"Na anayekuita ni yule Tsukagoshi?"

"Ndiye."

Bi Hatsue aliweka chini tufaa alilokuwa akilifuta. "Basi leo usiwe bwege, mwanangu. Yule hajawahi kukukatalia kitu maishani mwake. Hata kivuli chako anakikwepa asije akakikanyaga, mimi nimemwona kwa macho yangu! Ukiingia tu, kabla hajafungua mdomo, wewe inama umwambie, 'Na mwakani pia nakutegemea, mdogo wangu.' Basi. Atakujibu nini?"

"Mama, hiyo si itakuwa kumbana?"

"Kumbana wapi? Salamu hiyo! Mimi namwambia hivyohivyo muuza samaki kila mwaka."

"Na bei ya samaki anakupunguzia?" alidakia mwenzake kutoka nyuma ya makasha.

"Anapunguza! Aibu inamshika, afanyeje?"

Ghala zima lilicheka, na Mitsu naye akacheka. Lakini akiwa njiani juu ya baiskeli, sentensi ile ilikuwa bado inamzunguka kichwani. Bi Hatsue alisema kweli. Ni maneno ya kila siku, kila mtu huyasema, na jibu lake ni moja, nalo ni kuinama na kukubali. Mbele ya aliyemtangulia Haruki asingeweza kujibu vingine, hata kama bodi nzima imemtuma. Mitsu alipoegesha baiskeli alikuwa ameshaamua. Ataisema.

Haruki alikuwa amevaa tai. Alimkaribisha kwa mikono miwili, akamvutia kiti, akamimina chai. Juu ya meza palikuwa na mafaili mawili, moja lina jina la Nezu, jingine la Aoyagi. Aoyagi alikuwa kiungo wa miaka ishirini na mbili aliyetoka chuo kikuu mwezi Machi. Kila baada ya mazoezi alibaki nyuma kumuuliza Mitsu anajuaje mpira utaangukia wapi, na Mitsu alimweleza yote bila kumficha kitu. Akina mama wa ghalani walishamwonya kwamba anamnoa mtu atakayemtoa kazini.

"Kaka, wanasema theluji itawahi mwaka huu," Haruki alianza.

"Wanasema."

"Milimani imeshaanza. Umeshabadilisha matairi?"

"Mimi nina baiskeli, Haruki."

"Ah. Ndiyo. Baiskeli." Akamimina chai tena, ingawa kikombe hakikuwa kimepungua. "Na matufaa, mavuno yakoje?"

"Mazuri."

"Afadhali. Afadhali sana."

Walimaliza matufaa, wakahamia bei ya mafuta ya taa, wakatoka hapo wakaingia kwenye afya ya mama yake Haruki. Nusu saa ikakatika. Haruki alikuwa akitoka jasho, na nje baridi ilikuwa imeanza kuuma. Mitsu alimwonea huruma, kisha akajikumbusha kwamba hakuja kuona huruma. Huu ndio ulikuwa wakati wenyewe. Sentensi ilikuwa imeshampanda kooni, kilichobaki ni kuinama tu.

"Nafasi ni ya kiungo mmoja?" akajikuta ameuliza badala yake.

Haruki alitazama mafaili. "Mmoja, kaka."

"Mimi au Aoyagi."

Haruki akashika tena birika la chai. Hapo Mitsu alielewa kwamba mtu huyu angeweza kukaa pale mpaka giza liingie, na asiseme. Yeye Mitsu akiisema ile salamu, Haruki atainama, atakwenda kugombana na bodi, na faili la Aoyagi ndilo litakalofungwa. Lilikuwa jambo jepesi kuliko pasi ya hatua mbili. Lakini kulikuwa na kitu kingine alichotaka kukijua kwanza, kitu ambacho tangu kiangazi hakuna mtu pale klabuni aliyethubutu kumtajia, maana wote walikuwa wadogo zake na wote walimheshimu.

"Haruki, tulipokuwa tunacheza, ndani ya uwanja ulikuwa unaniitaje?"

"Kaka, uwanjani ni tofauti..."

"Ulikuwa unaniitaje?"

"Mitsu," Haruki alisema chini chini. "Mpira ukiwa unakuja, nani ana muda wa kusema kaka?"

"Basi mpira unakuja. Wewe uko mbele, umegeuka, unanitazama. Unaona nini?"

Haruki alisogeza kikombe pembeni. Masikio yake yalikuwa yameiva.

"Mitsu," akasema, safari hii kwa sauti kavu ya uwanjani. "Unachelewa. Nusu hatua. Tangu Julai."

Mitsu alitazama heta ya mafuta iliyokuwa ikinguruma kwenye kona.

"Mechi ya Agosti, ile ya ugenini," Haruki aliendelea, kwa kuwa sasa kizibo kilikuwa kimeshatoka. "Tulipopoteza mpira wewe ulijua unakwenda wapi kabla ya watu wote. Nilikuona, ulijua! Lakini ulipofika, mpira ulikuwa umeshapita. Aoyagi ndiye aliyeuziba mwanya. Kocha alimfokea kwamba ameacha nafasi yake."

"Hakuiacha," Mitsu alisema. "Alikuja kunifunika mimi."

"Ndiyo. Alikuja kukufunika wewe."

Hasira ilimpanda Mitsu. Alimkasirikia Haruki, akaukasirikia mwezi wa Agosti, akaikasirikia nyonga yake ya kushoto ambayo asubuhi ilikuwa ikihitaji kubembelezwa kama mgonjwa. Kisha ikashuka, na chini yake akakuta kitu ambacho hakukitegemea. Alipumua. Miezi minne alikuwa akilijua hilo peke yake, akilificha, akitazamwa na vijana wanaoinama na kunyamaza. Sasa limesemwa na mtu anayeujua mpira. Alilitafuta tena neno la Bi Hatsue, akaona halisemeki. Angekuwa anaomba kulindwa, na maisha yake yote yeye ndiye aliyelinda wengine.

"Kwa hiyo msimu ujao klabu haitaendelea na mimi," akasema. "Ndicho unachotaka kuniambia, siyo?"

Hata "ndiyo" ilimshinda Haruki. Aliinama mpaka paji la uso likagusa meza, mabega yakimtetemeka.

"Inuka, bwana. Utaingia kwenye chai."

Haruki aliinuka akajifuta uso kwa tai, jambo ambalo wakurugenzi hawafanyi. "Tangazo tuandikeje, kaka? Tukiandika mkataba umekwisha, unaweza kutafuta timu nyingine. Daraja la nne wapo watakaokuchukua hata kesho. Fikiri mpaka Jumatatu."

"Andika nimetundika daluga."

"Kaka, fikiri kwanza."

"Nusu hatua ya hapa ni nusu hatua na kule pia, Haruki. Nitakwenda kuwachelewesha watu wengine wa nini?"

Nje kwenye korido Aoyagi alikuwa akisubiri zamu yake. Aliruka akasimama wima, mikono ubavuni. "Kaka, imekuwaje?"

"Ingia," Mitsu alimwambia. "Ana chai nyingi sana."

Nyumbani Sanae alikuwa anakata kabichi ya kutia kwenye chungu. Tangu mwanzo wa mwezi alikuwa amemwomba jambo moja, kwamba vyovyote itakavyokuwa, yeye awe wa kwanza kusikia. Mitsu alisimama mlangoni mwa jiko bado na koti mwilini, akamwambia.

"Haruki ndiye amekuambia hivyo?"

"Alishindwa. Nimejiambia mwenyewe."

Sanae aliweka kisu chini. "Na timu nyingine?"

"Hakuna timu nyingine. Nimeacha mpira, Sanae."

Sanae alikuwa amejiandaa kuhama tena. Mitsu aliliona hilo usoni mwake, akaona pia jinsi nguvu ya maandalizi yale ilivyomwishia yote kwa mkupuo mmoja. Aliegemea sinki akalia, kidogo, akimgeuzia mgongo. Kisha akapangusa macho, akasema chakula kiko tayari, wakae.

Walikaa watatu kuzunguka meza yenye blanketi, miguu ikiota moto chini yake. Chungu kilikuwa kikichemka katikati. Honoka, ambaye walidhani yumo kwenye katuni zake, alikuwa amesikia yote.

"Baba, kwa hiyo Jumapili hutakwenda tena?"

"Imebaki moja. Hii inayokuja."

"Baada ya hiyo?"

"Baada ya hiyo nitakuwa nyumbani."

Honoka alimtazama kwa mashaka, kama mtu aliyewahi kuahidiwa vitu. "Jumapili zote?"

Mitsu aliweka vijiti chini.

"Zote," akasema.

Honoka alipiga kelele za furaha, akapanda mgongoni mwa mama yake kumwambia Jumapili zote, mama, zote, kana kwamba mama hakuwepo. Mitsu alikuwa amestahimili ofisi ya mabati, amestahimili na machozi ya Sanae, lakini neno hilo alilolisema mwenyewe lilimshinda. Aliinamia bakuli lake, akalia kwa sauti mbele yao wote.  Sanae alimtilia kabichi, akamtilia na tofu, akaweka vijiti karibu na mkono wake.