Ndizi za Msiba wa Shemeji

Leo tumemzika shemeji yangu hapa Nyakitonto na mimi sikulia.

Mmoja wenu humu kwenye kundi la familia akaninong'oneza pale kaburini, "Mama, hata chozi moja?"

Haya, sikilizeni.

Miaka ya sabini, mume wangu alipofariki, huyu ndugu yake alininyang'anya shamba la migomba. Nikamshtaki mahakamani Kasulu. Kabla kesi haijasikilizwa, wazee wakatupatanisha: migomba ni yangu. Tukanywa pombe ya ndizi chungu kimoja, yakaisha.

Tukaenda wote mahakamani kusema tumepatana. Karani akafurahi. "Basi mama, ada uliyolipa unarudishiwa." Akazisukuma noti dirishani.

Mkono wa shemeji ukafika kwanza.

"Hela ya mjane ni ya ukoo," akasema. "Na hiyo migomba nilikubali kwa sababu ya pombe tu."

Mbele ya karani, jamani!

Nikamminya vidole mpaka akaachia. Noti zile zile, zimekunjamana, nikazirudisha dirishani.

"Bwana karani, fungua kesi nyingine. Mshtakiwa huyu huyu."

Nikashinda.

Mnaosema nina roho mbaya, andikeni hapa chini nione majina yenu. Ila ndizi mlizokula leo msibani zimetoka kwenye migomba ile.