Maneno Niliyowapa Mbale

Walinitoa kwenye timu siku ya Jumanne jioni, kwenye baraza ya nyuma ya ukumbi wa video wa Walukuba, Jinja, na mkono uliokamilisha kura ulikuwa wa mdogo wangu wa tumbo moja.

Nahodha ndiye aliyeongea. Alikuwa ameketi juu ya kreti ya soda, haniangalii.

"Dada, usichukie," alisema. "Wewe unacheza vizuri. Lakini ukicheza, watu hawaandiki juu ya mchezo. Wanaandika juu yako."

Mchezo wetu unachezwa kwenye simu, watano kwa watano. Kila upande una ngome yake, na katikati kuna njia tatu, vichaka, na mto ambamo hutokea mnyama mkubwa. Timu inayomuua mnyama hupata nguvu, na anayebomoa ngome ya mwenzake ameshinda. Mechi za mashindano hurushwa moja kwa moja mtandaoni, na pembeni ya picha maneno ya watazamaji hupita bila kupumzika. Katika maneno hayo mimi nilikuwa malaya, nilikuwa mwanaume aliyevaa wigi, nilikuwa mtu wa kurudishwa jikoni. Nilikuwa nimezoea. Mchana nafanya kazi kwenye duka la fotokopi mjini Jinja, na wateja wengine hunitukana ana kwa ana.

"Anayetaka dada apumzike, ainue mkono," nahodha alisema.

Mkono wake ulikuwa wa kwanza. Wa pili ulikuwa wa yule mwenye duka la simu. Nikamtazama mdogo wangu. Mimi ndiye niliyemfundisha mchezo huu, kwenye simu yangu, alipokuwa amelazwa na malaria. Alitazama sakafu, kisha mkono wake ukapanda hadi usawa wa sikio, ukakaa hapo.

"Umeinua au unajikuna?" nikamuuliza.

Akaunyoosha.

Jumamosi iliyofuata nilirudi ukumbini kama mtazamaji. Nililipa mlangoni kama mtu yeyote, nikaketi benchi la tatu. Nafasi yangu walikuwa wamempa mchezaji mmoja kutoka Budondo, fundi wa pikipiki, mwenye vidole vya haraka na akili nzito. Alipouawa mara ya kwanza nilicheka kwa sauti. Mara ya pili nikapiga makofi. Mzee aliyekaa mbele yangu akageuka.

"Wewe si mtu wa timu hii?"

"Nilikuwa."

"Basi unamshangilia nani?"

"Yeyote anayewapiga."

Kufikia mwisho wa mwezi walikuwa wamenipa jina. Mjane. Nikiingia tu, mtu anasema, Mjane amefika, na benchi linasogea, si kwa heshima. Sikukosa mechi hata moja. Nilijifunza kutazama kwa chuki, na chuki ina macho makali kuliko mapenzi. Niliona kila kosa la mdogo wangu nusu dakika kabla hajalifanya. Nyumbani tulikula meza moja, kwa baba, bila kusemeshana isipokuwa kuhusu chumvi.

Timu ile ilishinda nusu fainali bila mimi. Hilo sikulitegemea. Fainali ya kanda ya mashariki ilipangwa kuchezwa Mbale, jukwaani mbele ya watu, dhidi ya timu ya nyumbani.

Hapa lazima nieleze jambo la nyumba yetu. Baba ni askari jela mstaafu. Tulilelewa katika kambi moja ya magereza baada ya nyingine, na Kiswahili cha kambini ndicho tulichotumia kugombana na kucheza. Watu wazima wa Jinja wakikisikia wanakumbuka wanajeshi wa zamani kwenye vizuizi vya barabarani, na vijana wanatucheka. Tulipoanza timu, mimi na mdogo wangu tulichukua maneno ya kazi ya baba, tukayafanya amri za siri. Yalikuwa matatu. *Hesabu*, ile ya kuwapanga wafungwa asubuhi, maana yake wote tukutane mtoni kwa mnyama. *Kufuli*, tujifiche kwenye kichaka cha juu tuzibe njia. *Zamu*, wawili wabadilishane njia. Mdogo wangu ndiye aliyeyapaza, maana ana sauti ya baba. Wapinzani waliketi hatua chache kutoka kwetu, wakasikia kila kitu, wasielewe chochote.

Asubuhi ya fainali nilipanda gari la Mbale peke yangu. Nilimkuta nahodha wa timu ya Mbale nje ya ukumbi, anakunywa chai na chapati. Alikuwa msichana. Nilijua hivyo kabla ya kwenda, na nadhani nilitegemea kitu fulani kwa sababu hiyo. Alikulia upande wa Kenya, Kiswahili chake kilikuwa chepesi kuliko changu.

"Wewe si yule waliyemtoa?" aliuliza.

"Ndiye."

"Unataka nini kwetu? Nafasi hakuna."

"Sitaki nafasi. Nataka wapigwe."

Akaweka kikombe chini. "Haya, sema."

Nikayasema yote matatu. Nikamweleza kichaka ni kipi, na kwamba baada ya *zamu* mdogo wangu hubaki peke yake njia ya chini kwa muda wa kuhesabu hadi kumi. Alisikiliza bila kuandika.

"Anayepiga kelele hizo ni nani wako?"

"Mdogo wangu."

Alinitazama kama mtu anayetazama kitu kilichokanyagwa. "Sisi tungewapiga hata bila wewe," alisema. "Sasa toka hapa. Sitaki uwe karibu na watu wangu."

Niliketi katikati ya mashabiki wa Mbale. Mvua ilianza kupiga mabati kabla ya mechi ya kwanza, na mtangazaji alilazimika kupiga kelele kwenye kipaza sauti. Zilikuwa mechi tatu, mshindi wa mbili ndiye bingwa. Jinja walishinda ya kwanza. Mdogo wangu alipaza *hesabu*, wote wakaenda mtoni, na Mbale hawakutokea kabisa. Nilielewa. Yule msichana alikuwa na kiburi, alitaka kushinda kwa mikono yake. Nilimchukia kuliko nilivyowahi kumchukia mtu nisiyemjua jina.

Mechi ya pili kiburi kilimwisha.

Mtazamaji anaona pande zote mbili kwenye skrini. Mchezaji anaona upande wake tu, na adui aliyejificha haonekani kwake kabisa. Kwa hiyo niliwaona Mbale, wote watano, wametulia kwenye majani kando ya mto, na nikasikia sauti ya mdogo wangu ikitoka jukwaani, nzito kama ya baba, "Hesabu! Hesabu!" Nikawaona Jinja wanashuka mmoja mmoja kuelekea majani yale. Watu walionizunguka walisimama. Nami nilisimama. Sitasema uongo kwamba niliumia. Nilifurahi hadi nikahisi joto masikioni.

Waliuawa wote watano, na ngome ikaanguka.

Mechi ya tatu mdogo wangu alijaribu *kufuli*, wakakutwa ndani ya kichaka chao wenyewe. Alijaribu *zamu*, wakamfuata njia ya chini wanne kwa pamoja. Baada ya hapo aliacha kupaza amri. Alishusha kisikilizi kimoja shingoni, vidole vikaacha mchezo, akainua macho kwa watu. Alitafuta mstari kwa mstari hadi akanipata. Sikujificha. Simu yake ilikuwa mikononi, mchezaji wake kwenye skrini amesimama tu njiani kama mti, na Mbale wakampita bila hata kumgusa, wakaenda kumaliza ngome.

Nilimngoja nje, chini ya bati la duka lililofungwa. Mvua ilikuwa imepungua, na maji yalikuwa yakiteremka meupe kwenye majabali ya mlima Wanale juu ya mji. Alikuja peke yake.

"Ni wewe," alisema.

"Ni mimi."

"Maneno ya mzee."

"Yalikuwa yangu pia. Mlinitoa mimi, maneno yangu mkabaki nayo."

"Unajua kwa nini niliinua mkono? Nilikuwa nasoma vile walikuwa wanakuandika. Kila mechi. Mimi ndugu yako nasoma, halafu nacheza kama sikusoma. Nilichoka."

"Ulichoka wewe?"

"Ndiyo, mimi."

"Ungewajibu."

"Wote wale? Ningewajibu wote?"

"Ungemjibu mmoja," nikasema. "Mmoja tu."

Alivua jezi ya timu, ile ambayo mimi mwenyewe niliichapa namba dukani, akanitupia usoni. Ilikuwa na jasho. Niliiacha ianguke kwenye tope. Kisha akasema nisipande gari lao, kana kwamba nilikuwa nimeomba.

Baba alipata habari kabla sijafika Walukuba. Alikuwa amekaa sebuleni na radio imezimwa.

"Kweli wewe nauza ndugu yako?"

"Yeye alinitoa kwanza, baba."

"Mimi sikuuliza nani kwanza. Nyinyi iko watoto ya nyumba moja. Moja natoa mwingine, mwingine nauza moja. Watu kama nyinyi mimi nalinda miaka mingi. Walikuwa ndani."

Akainuka akaenda kulala ilhali jua lilikuwa bado halijazama. Mdogo wangu hakurudi kuishi nasi. Alipanga chumba Wanyange, na nguo zake alizifuata siku niliyokuwa kazini.

Nahodha wa Jinja aliandika kisa chote kwenye ukurasa wa timu. Kwa hiyo, ingawa sichezi tena, kila mechi inaporushwa watazamaji bado wananiandika pembeni ya picha. Sasa ni msaliti, zaidi ya yale ya zamani. Mara moja tu niliandika kwa jina langu, nikauliza kama kuna mtu anataka kuniambia hayo uso kwa uso, nikataja mtaa wa duka letu. Hakuja mtu. Yule msichana wa Mbale alipigwa vibaya kwenye hatua iliyofuata, nilitazama hadi mwisho, na hiyo nayo ilinifurahisha kwa dakika chache.

Kama unaniuliza iwapo ninajuta, sijui nikujibu nini. Najutia ule mkono ulioinuliwa na mdogo wangu. Kile nilichofanya mimi mwenyewe, bado nakipima.

Sikukuu ya Pasaka mdogo wangu alikuja kumwona baba. Nilipika, akala. Baba alituambia tupeane mikono, akatumia ile sauti ya kazini, na kwa mara ya kwanza katika maisha yetu sote wawili tulikataa amri yake. Baba akaendelea kula kama hakusema kitu.

Mlangoni, akiwa anavaa viatu, mdogo wangu aliuliza, "Bado unatazama?"

"Natazama."

"Unataka tushindwe?"

"Mara nyingi."

Alitikisa kichwa, akafunga kamba ya kiatu cha pili. "Basi tazama," alisema, akatoka kutafuta boda.