Bibi Boke na Mechi ya Kenya

Usiku ule wa kuamkia mechi yetu na Kenya nililala na kinyongo. Wakati wa chakula cha jioni wenzangu wa timu ya taifa ya wanawake ya Tanzania walinitania: "Rhobi, wewe si nusu Mkenya? Kesho utapiga nje makusudi." Nikacheka nao, kisha nikasukuma sahani ya wali kando. Golikipa wa Kenya ni Gati, binti wa mama yangu mkubwa aliyeolewa Isebania. Kwetu huyo ni dada. Na Isebania hiyohiyo ndiko alikozaliwa bibi yetu, Boke, kabla hajaolewa kwetu Sirari, upande huu wa mpaka. Kocha aliniona. "Ukisikia moyo mzito, niambie asubuhi. Nitampanga mwingine."

Usingizi uliponichukua, nilikuwa Sirari, kwenye uwanja wetu wa vumbi. Bibi, tuliyemzika mwaka juzi, alikuwa amesimama mstari wa kati, kanga kiunoni. Kisha uwanja ni jiko lake, mimi na Gati ni wadogo, tunagombania ukoko. Gati anamwita "nyanya," nami namcheka: nyanya ni za kutia mchuzini! Bibi anatucheka wote wawili. Halafu jiko halipo, Gati hayupo, nyasi ni za kijani na watu wanaimba majukwaani, na Bibi amechuchumaa ananifunga kamba za viatu. Vidole vyake vina joto.

"Mbona umeinamisha kichwa?"

"Wananiita nusu, Bibi."

Anakaza fundo. Kisha ananyanyuka, ananitazama.

"Kule nilizaliwa mzima. Huku nikaolewa mzima. Hiyo nusu aliizaa nani?"

"Na Gati je?"

"Gati ni damu yangu. Usimhurumie. Ukimhurumia, umemdharau. Piga kwa nguvu zako zote, naye adake kwa zake."

Nikanyoosha mkono nimshike, nikashika shuka. Kumepambazuka. Neema, niliyelala naye chumba kimoja, alikuwa ameketi kitandani ananikodolea macho.

"Ulikuwa unaongea na nani?"

"Na bibi yangu, mzaliwa wa Isebania," nikasema, tena kwa sauti, ili wenzetu wa chumba cha pili nao wasikie.

Nikavaa jezi ya Tanzania, nikashuka ngazi peku hadi kwa kocha, aliyekuwa anakunywa chai.

"Nipange," nikamwambia. "Yule golini ni dada yangu. Leo simwachii hata mpira mmoja."