Aliyemhurumia Mzimu

Mwaka tuliomzika binti yetu, mume wangu hakulia. Alikuwa mwalimu wa kwaya katika kanisa letu la Kilutheri kule Isingiro, na siku ya mazishi alishindwa kuchagua hata wimbo mmoja. Tuliimba nyimbo alizochagua mchungaji.

Miezi ikapita. Siku moja tulikuwa Rubwera, mvua ikatubana, tukajisitiri kwenye banda la video. Walikuwa wanaonyesha picha ya kutisha. Mwenye banda alisema imetoka Indonesia. Mama mmoja aliyekufa anatoka kaburini kumtafuta mtoto wake. Watu walipiga mayowe. Mimi nilijifunika kitenge usoni. Nilipomgeukia mume wangu, machozi yalikuwa yakimtiririka.

"Umeogopa?"

"Hapana. Sikiliza hiyo filimbi. Wote wanamkimbia huyu mama. Aliyetunga muziki huu anamhurumia."

Picha ilipoisha akamwomba mwenye banda asizime, ili yeye asome jina la mtunzi wa muziki.

"Mwalimu, huku hakuna anayengoja majina," yule kijana alisema, lakini akaiacha. Mkanda ulikuwa umechakaa. Majina yalipita, chenga tupu, hayasomeki.

Kuanzia hapo alikuwa akienda kanisani mchana, anakanyaga pedali za kinanda kikuukuu cha kwaya, anautafuta ule wimbo kwa vidole mpaka akaupata. Ijumaa Kuu akaupiga, bila maneno. Nilijua anampigia nani. Ndipo nami nikalia, kanisani, mbele za watu.

Lakini vijana wa kwaya waliijua ile picha. Mmoja akacheka, mwingine akatoka nje. Baada ya Pasaka wazee wa kanisa wakamwita, nami nikamsindikiza.

"Mwalimu, umetuletea mzimu madhabahuni."

"Ni wimbo wa kilio, wazee wangu."

"Kilio cha nani?"

Akainuka, akatoka nje. Kwaya wakampa mtu mwingine.

Hakugusa kinanda tena. Alishinda kwenye migomba, akipalilia palipokwisha kupaliliwa. Nikamsihi turudi Rubwera tukausikilize tena ule muziki. Tulipofika, mkanda ulikuwa umerekodiwa mieleka juu yake.

Njiani akaniuliza, "Yule mtunzi, unadhani kwao wanamjua?"

"Sijui."

"Hawamjui," akasema, akatangulia mbele.

Nyumbani kwetu hapakuimbwa tena. Hata mtoto tuliyempata baadaye alilala bila wimbo. Nilijaribu kumbembeleza, peke yangu jikoni, nikafungua kinywa, sauti ikagoma.