Sahani ya Hakimu Zakayo

Shem hakujua kutulia. Hata siku ya ofu, wenzake wamejilaza na simu zao, yeye alitoka mlangoni, akaenda hadi kwenye ngazi, akarudi, akakunja shuka alilokwisha kulikunja. Mtu wa kujitafutia kazi. Na kazi aliyojitafutia katika chumba chao cha kambi, kule Dubai Investments Park, ilikuwa kuamua kesi. Nani kaacha jiko chafu, nani kavaa kandambili za mwenzake, yote yalipita kwake. Masoja wenzake, walinzi wa majengo kama yeye, wakambatiza Mheshimiwa. Wao walikuwa wanamtania, yeye akavimba kichwa. Ni Lenny tu, mtoto wa dada yake, aliyeendelea kumwita Anko.

Tena alikuwa na ukoo wa kujivunia. Babu yake, Mzee Zakayo, alikuwa hakimu zama za Mwingereza. Alianza kama tarishi wa DC, akapanda akawa mkalimani, mwisho akakalishwa kwenye kiti cha baraza la wenyeji, koti jeusi hata jua likiwaka, na watu wakisimama akipita. Shem alizisimulia habari hizo mpaka Matia, Mganda wa kitanda cha juu, akazijua kwa moyo.

Utamu wenyewe ulikuwa kesi ya shemeji. Kaka yake bibi alitoroka kazi ya lazima ya barabara, akakamatwa, akaletwa mbele ya Mzee Zakayo. Watu wakamwombea. Mzee akasema sheria haina shemeji, akamfunga. Yule bwana alitoka gerezani na kifua kibovu, akafa kabla ya mvua za pili. Hapo Shem hupita mbio, kisha huongeza sauti.

"Tangu hapo hata bibi alimheshimu. Sisi sote tulikula pamoja jikoni. Chakula cha babu kililetwa peke yake, sahani ina kifuniko, na mjukuu asisogee. Huyo ndiye hakimu."

Basi kesi yake kubwa ikaja. Lenny na Matia walilinda jengo moja Al Jaddaf. Matia akasinzia kwenye kiti, mdomo wazi. Lenny akampiga picha, akairusha kwenye grupu la WhatsApp ili wacheke, asikumbuke kwamba supavaiza naye yumo humo humo. Khalas. Nafasi ya Matia ya kuhamia hotelini Al Barsha, aliyoililia tangu afike, ikaota mbawa. Na sheria ya chumba, aliyoitunga Shem mwenyewe, ilisema anayemchongea mwenzake kwa wakubwa anahama.

Wakakaa Jumapili baada ya ibada. Lenny hakujitetea. "Nilikosa, Matia. Nilitaka tucheke tu. Nisamehe."

Matia akapangusa uso. "Amekiri. Mimi naona yaishe."

"Kosa moja haliachi mke," akasema Justus, mkubwa wao kwa umri. "Yaishe, Mheshimiwa."

Mtu mwingine angemshukuru Mungu. Shem alisimama, akaanza kuzunguka katikati ya vitanda, mikono mgongoni. Alimpenda Lenny, yeye ndiye aliyemleta Dubai, na hilo ndilo lililomkosesha raha: watasema amempendelea wake. Babu asingeyumba. Jamani, aliyekosewa ni Matia na Matia amesamehe, sasa wewe unalinda nini?

"Sheria ni msumeno," akasema. "Lenny, utahama."

Lenny akakunja godoro lake, akaenda bloku nyingine, kwa watu asiowajua.

Jumapili iliyofuata walipika wali wa nyama kama kawaida yao. Huula wote katika sinia moja, chini sakafuni, mikono ikigongana na utani ukivuma. Shem alikwenda kunawa. Aliporudi, duara lilikuwa limefungwa, goti kwa goti. Kitandani kwake palikuwa na sahani, juu yake kifuniko.

"Tumekutengea, Mheshimiwa," akasema Justus kwa adabu. Hakuna aliyecheka.

Shem akakaa, akafunua. Walikuwa wamempa minofu mizuri kuliko yao. Mkono ukakataa kwenda. Aliyefungwa alikuwa kaka yake bibi, tumbo moja, na bibi hakuweza tena kutia mkono katika chungu kimoja na aliyemfunga. Wala sahani ile ya babu haikuwa heshima. Maisha yake yote Shem alikuwa anajisifia msiba wa nyumba yao, na aibu ikamchoma hadi masikioni.

Akafunika ile sahani, akatoka nayo, akavuka uwanja wa kambi karibu akikimbia. Lenny alikuwa ameketi ukingoni mwa kitanda, amevaa sare, akisubiri basi la zamu.

"Nimeleta chakula," akasema Shem. "Njoo tule pamoja, mwanangu."

Lenny akainuka, akasimama wima, mikono ubavuni.

"Nimeshakula, Mheshimiwa."