Meksiko, Mtu Aliyekataa Kuanguka

Bado sijakubali, jamani. Binti ya Ouma alinipigia asubuhi kuniambia babake amekufa, na mimi nikamuuliza, "Kwa picha gani?" Mungu anisamehe.

Wadogo hamumjui. Miaka ya sabini kampuni fulani kutoka Meksiko ilikuja Nairobi kupiga picha za sinema, zile za bunduki na farasi. Ouma, fundi seremala wa Kibera, akapata kazi ya kuwa mlinzi wa jambazi, yule wa pembeni anayepigwa risasi mapema. Mtaa mzima tukamwita Meksiko.

Mimi nilikuwa wardrobe, fundi wa nguo za waigizaji. Nilimshonea vifuko vya rangi nyekundu ndani ya shati. Na alikuwa anakufa vizuri, huyo! Anazunguka, anatafuta kivuli, analala chali akiangalia mawingu. Siku moja alisinzia kabisa kamera ikiendelea, take nzima ikaharibika kwa kukoroma.

Picha ya kwanza ilioneshwa Kawangware, kwa holi, Jumapili baada ya kanisa. Alimleta mamake, muuza omena, wale dagaa wa ziwani, wa Kisumu Ndogo hapo hapo Kibera, amejifunga kitambaa kipya. Mama akamwona mtoto wake chini, macho wazi. Akaweka mikono kichwani. "Uwi! Nyathina! Mtoto wangu!" Kina mama wote wakaitikia kilio.

Habari ilitutangulia. Tulipofika Kisumu Ndogo viti vilikuwa nje, watu wameleta unga na sukari ya matanga, na marehemu mwenyewe akawapokea mlangoni.

Tulicheka sana. Mama hakucheka.

"Najua ni picha," akamwambia. "Lakini kifo nacho kinajua? Usinilalie hivyo tena."

Picha ya pili tulipigia Silanga, kando ya bwawa. Action! Bunduki zikalia, shati likalowa, Ouma akabaki wima. Cut! Tukarudia. Wima. Nilimaliza mashati matano.

"Wewe umekufa!" director akafoka kupitia mkalimani.

"Najua, boss. Lakini mama ataangalia."

Aliipenda kazi ile kuliko chakula, na alijua hawatamwita tena. Mimi nilikuwa nalia nyuma ya sanduku la nguo.

Mwishowe director akachoka. "Basi tembea, toka kwenye kamera, ufie huko." Ouma akashika kifua, akatembea polepole akaingia kwenye nyasi ndefu, jua likimwakia mgongoni, mpaka nyasi zikatulia.

Hawakumwita tena. Alirudi kwa randa na misumari, akatengenezea nusu ya Kibera vitanda. Lakini mamake aliiona picha ile. Nyasi zilipotulia akapiga makofi peke yake, holi nzima ikageuka.

"Kwani ameenda wapi?" jirani akamuuliza.

"Nyumbani. Chakula kiko tayari."

Mama alitangulia zamani. Leo nimetoa shati moja kwenye sanduku, doa lingali pale, na nimelia hadi nimechoka.

Nimekukasirikia kidogo, Meksiko, hukuniaga. Lakini sitamwambia mtu kwamba umeanguka. Umetoka tu kwenye kamera.

Tembea polepole. Mama ameshapakua. Ukishiba, ulale salama.